Sengerema kwa Njia ya Zege

Mwanza haifichi kinachoibeba. Mawe yako nje, mengine makubwa kuliko nyumba, yamepandana bila saruji wala nondo, na mji umejipenyeza katikati yao: Mabatini, Isamilo, Bugarika, nyumba juu ya nyumba hadi kileleni, mahali ambapo mgeni hujiuliza tofali zilifikaje. Zilifika kichwani, hakuna siri. Wageni hupelekwa kupiga picha Jiwe la Bismarck karibu na Capri Point, nami sina ugomvi nalo. Ila jiwe lolote la nyuma ya jiko la mtu kule Mabatini, lililoanikwa dagaa na sare za shule, linanifurahisha zaidi.

Naanza na mawe kwa sababu nakwenda Sengerema kutazama majengo, na huku ziwani mawe ndiyo yanayomfunza mtu kutazama. Unazoea kujiuliza: hiki kimesimamaje, na uzito wake unapita wapi hadi ardhini?

Kwa swali hilo, Bugando inajibu vizuri. Hospitali hiyo iko kilimani na unaiona ukiwa sokoni, ukiwa barabarani, hata ukiwa majini. Maaskofu Wakatoliki waliijenga kwa msaada wa shirika la Misereor la Ujerumani, Mwalimu Nyerere akaifungua mwaka 1971, Serikali ikaichukua mwaka uliofuata, na mwaka 1985 ikarudi chini ya Kanisa kwa ubia na Serikali. Jengo lake kuu ni la usasa halisi wa miaka ile: fremu ya zege, sakafu juu ya sakafu, madirisha kwa mistari, hakuna nakshi wala mnara wa urembo. Wapo wanaoliona limenuna. Mimi naona linasema kweli. Kila ghorofa inakuonyesha inapoanzia na inapoishia, na mgonjwa anayetoka ng'ambo kwa rufaa hulitambua kabla hajafika.

Ng'ambo hiyo ndiyo Sengerema. Mabasi yake yanaondokea stendi ya Nyegezi, na makonda wanaliimba jina lake pamoja na Geita na Katoro kwa pumzi moja. Unapita Usagara, unaiacha barabara ya Shinyanga iende zake, unakata kulia. Mashamba ya mpunga na mihogo, mawe tena, watoto wanaouza michembe kwenye mifuko ya nailoni. Jirani na hapo ni Bukumbi, ambako Mapadre Weupe waliweka misheni mwaka 1883. Halafu Kigongo.

Kabla ya katikati ya mwaka 2025, safari hii ilikuwa na mahali pake pa kuvunjikia. Lami iliishia majini Kigongo ikaanza tena Busisi, na kati yake kulikuwa na Ghuba ya Mwanza na kivuko. MV Mwanza, MV Misungwi, MV Sengerema: watu wa barabara hii waliyajua majina hayo kama wanavyowajua majirani. Kuvuka kulichukua nusu saa hivi. Kusubiri ndiko kulikokula siku. Foleni ilikuwa na malori ya Rwanda na Kongo, mabasi ya Bukoba, pikipiki zenye matenga ya kuku, na gari la wagonjwa ambalo king'ora chake hakikuweza kumharakisha mtu, kwa kuwa chombo kilikuwa upande wa pili. Wenye haraka walikuwa wauzaji tu. Sato wa kukaanga alipandishwa hadi dirishani kwa mti mrefu, akifuatwa na mananasi, karanga, maji ya chupa na chaja za simu, na ukiuliza bei mara mbili muuzaji alishahamia basi la nyuma.

Na ziwa hili watu hawajalisahau. MV Bukoba ilizama tarehe 21 Mei 1996 ikiwa imeshakaribia Mwanza, na makaburi ya wengi waliokufa yako Igoma. Mwaka 2018 ikafuata MV Nyerere kule Ukara. Kwa familia zilizozika, kuvuka maji huku umekanyaga zege ni zaidi ya kuokoa muda.

Daraja la J.P. Magufuli, ambalo wengi bado wanaliita la Kigongo–Busisi, lina urefu wa kilomita 3 na upana wa mita 28.45. Rais Magufuli aliweka jiwe la msingi Desemba 2019, na Rais Samia Suluhu Hassan akalifungua tarehe 19 Juni 2025. Waliolijenga ni kampuni mbili za China zilizoungana, fedha ni za Serikali, zaidi ya shilingi bilioni 700. Redio zimeshayasema hayo hadi yamechuja. Kisichosemwa sana ni jinsi lilivyosimama.

Usilitazame ukiwa juu yake. Ndani ya basi utaona ukingo, taa na mgongo wa abiria wa mbele, na baada ya dakika chache uko ng'ambo. Shuka Busisi, rudi kwa miguu hadi ufukweni walipo wavuvi, ulitazame kwa ubavu. Sehemu yake kubwa ni ya kawaida: nguzo, boriti, nguzo, boriti, tena na tena, kwa subira ya mtu anayehesabu mifugo. Lakini katikati, mahali pa kupitia meli, nafasi kati ya nguzo inapanuka hadi mita 160, na hapo imesimama minara mitatu. Ni mifupi. Aliyezoea daraja la Kigamboni, au lile la Jinja ambako Naili inatoka ziwani, atadhani fedha ziliishia njiani. Kebo nazo zimelala, karibu zifuate sakafu.

Haya si mapungufu, ndiyo akili yenyewe ya daraja hili. Katika daraja la kebo tulilolizoea, mnara mrefu unaibeba sakafu nyembamba. Ukizikata kebo, umekwisha. Hapa kazi imegawanywa. Sakafu ni sanduku nene la zege lililokazwa ndani kwa nyaya za chuma, lina nguvu zake lenyewe, na kebo za minara zinalibana na kulipunguzia mzigo pale ambapo peke yake lingechoka. Kwa nafasi kama hizi za mita mia na kitu, njia hiyo inafaa: boriti tupu ingekuwa nzito kupita kiasi, na minara mirefu ingekuwa gharama isiyo na sababu. Mfaransa Jacques Mathivat alilitetea wazo hili mwaka 1988, na Wajapani wakajenga la kwanza mjini Odawara mwaka 1994. Tanzanite la Dar es Salaam ni la ukoo huohuo.

Mwenzake mwingine yuko mbali, katika mji wa Kwidzyn, kaskazini mwa Poland, juu ya mto Vistula. Lilifunguliwa Julai 2013. Lina urefu wa mita 808, nafasi zake mbili kubwa ni za mita 204 kila moja, na minara ni mifupi vilevile, na kebo zimelala vilevile. Nalo lilichukua kazi ya kivuko. Kwa hiyo ukimleta mkulima wa Kwidzyn ukamsimamisha Busisi, ukamwondolea mamba na ukamwekea barafu, hataona cha ajabu sana.

Wapolandi wana mazoea ya zamani ya kuacha mifupa ya jengo ionekane. Mwaka 1927 mhandisi wao Stefan Bryła alichora daraja dogo la Maurzyce, karibu na Łowicz. Mita 27 tu, lakini ndilo daraja la barabara la kwanza duniani lililounganishwa kwa kuchomelea badala ya kupigiliwa riveti. Wahandisi wengine walikuwa hawajauamini uchomeleaji kwa kitu kinachopitiwa na magari. Yeye aliuamini, na daraja likatumia chuma kidogo zaidi. Bado lipo, limesogezwa pembeni na kutunzwa kama kumbukumbu. Bryła huyohuyo alikuwa miongoni mwa waliopiga hesabu za fremu ya chuma ya Prudential, ghorofa refu lililosimamishwa Warsaw mwanzoni mwa miaka ya 1930. Mwaka 1944, wakati wa maasi ya mji huo, kombora kubwa la Wajerumani lililipiga. Kuta zikaporomoka, fremu ikabaki wima. Bryła hakuwepo kuona hesabu zake zikithibitika hivyo. Wajerumani walikuwa wamemuua Desemba 1943.

Kisha kuna Gdynia, ambayo ndiyo naifikiria zaidi nikiwa hapa ufukweni Busisi. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 kilikuwa kijiji cha wavuvi. Poland ilikuwa imerudi kwenye ramani baada ya zaidi ya miaka 120 ya kutawaliwa na wengine, na ilihitaji bandari yake. Bandari ikajengwa, kijiji kikapewa hadhi ya mji mwaka 1926, na vita vilipokuja mwaka 1939 kilikuwa na wakazi zaidi ya 100,000. Majengo yake ni meupe, paa bapa, kona zimeviringwa, kana kwamba meli zimepanda nchi kavu na kuamua kubaki. Sisemi Busisi itakuwa Gdynia. Wala siiombei, maana mji unaokua kwa kasi hiyo humeza wavuvi wake kwanza. Nasema tu kwamba nchi ikipata uhuru hujieleza kwa zege kabla haijapata maneno, na kwamba sisi si wa kwanza kuangalia boriti tukaona bendera.

Tena Wapolandi hawakuwa wageni kabisa katika ziwa hili. Wakati wa Vita ya Pili, maelfu ya raia wao waliokuwa wamehamishiwa Siberia kwa nguvu na Wasovieti walitolewa huko kupitia Iran na kuletwa Afrika Mashariki, wengi wao wanawake na watoto. Kambi kubwa kuliko zote Tanganyika ilikuwa Tengeru, karibu na Arusha, yenye watu kama 5,000. Makaburi yao yanatunzwa hadi leo. Nyingine ilikuwa Koja, upande wa Uganda, kwenye ufuko wa ziwa hilihili. Huko Nyabyeya, Masindi, walijenga kanisa la matofali ambalo bado linasaliwa. Kinachonivutia ni walimolala Tengeru: nyumba za msonge, kuta za mviringo, paa la majani. Watu wa nchi ya Bryła, ambao jamaa zao huko nyumbani walikuwa wanaona ghorofa zikianguka, waliishi miaka kadhaa chini ya paa ambalo Msukuma yeyote angelitambua, miti yake yote ikionekana ukiinua macho.

Siku hizi wamerudi kwa njia nyingine. Vihenge vya kisasa vya Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula, vile vya chuma vinavyong'aa, Shinyanga vikiwamo, vimetokana na mkopo kutoka Poland. Ukipita na basi unaviona. Kihenge ni jengo la haki: umbo lake lote limetokana na nafaka inayosukuma ukuta kutoka ndani, na hakuna aliyekaa kulipamba.

Kutoka Busisi barabara inapanda kidogo, na Sengerema inajitokeza bila kujitangaza. Hapa sifa za mji hazipo kwenye mandhari ya kadi za posta. Zipo sokoni, ambako sangara na sato wanaletwa asubuhi na pikipiki kutoka mialo ya Buchosa, wakiwa bado wamelowa maji; zipo kwenye mafungu ya matobolwa na maharage; zipo kwa watu wasiopita bila kukusalimu. "Mwangaluka," wanasema, nawe ukiitikia vilevile umeshakuwa mtu wa hapa hadi saa sita mchana. Ni mji wa wafanyabiashara wa pamba waliogeuka wafanyabiashara wa kila kitu, wenye lami katikati na vumbi pembeni, na unaenda kwa mwendo wake. Daraja limeuongezea magari, halijaubadilishia tabia. Bado.

Jengo ninalolipenda kuliko yote mjini ni hospitali teule, iliyoanzishwa na wamisionari katika miaka ya mwisho ya ukoloni na iliyo chini ya Jimbo Katoliki la Geita. Haina ghorofa ya kujivunia. Ni majengo ya chini yenye nafasi kati yake, paa zilizotoka nje kiasi cha kumfunika mtu aliyekaa na vibaraza vya kupitia bila kulowa mvua wala kuchomwa na jua. Saa za kuona wagonjwa vibaraza hivyo ndiyo sebule ya wilaya nzima. Akina mama wametandika kanga, sufuria za uji zimefungwa kwa vitambaa, mzee anasimulia habari za ng'ombe kwa sauti ya mtu anayetaka wodi isikie. Aliyechora paa lile lifike nje namna ile hakuwa anafuata mtindo. Alijua kuwa hapa mgonjwa haugui peke yake, na kwamba ndugu zake watahitaji kivuli.

Nikiwa na muda, safari hii huiunganisha na Bujora, ingawa iko upande mwingine wa Mwanza, pale Kisesa. Padri David Clement kutoka Québec alijenga kanisa la mviringo pale mwaka 1958 na kulijaza alama za utemi wa Kisukuma; pembeni kuna banda la kitemi lenye umbo la kiti cha enzi. Nenda tu. Halihitaji maneno mengi.

Mitaa mipya ya Sengerema, kwa upande wake, imeshikwa na homa ya kontemporari. Unaijua nyumba hiyo hata kama hulijui jina: boksi la kijivu na jeupe, madirisha marefu ya alumini, paa halionekani. Kutoka barabarani utadhani paa ni bapa la zege, kama la Gdynia. Si hivyo. Nyuma ya ukuta uliopandishwa kuna bati la kawaida, limelazwa kwa mteremko mdogo, maji yanaingia kwenye mfereji uliofichwa kati ya bati na ukuta, kisha yanatafuta bomba moja au mawili ya kushukia. Usasa wa Gdynia ulikuwa wa kuondoa kisichohitajika. Huu wetu umeongeza ukuta ili kuficha kilichohitajika.

Nilimkuta fundi mmoja kwenye nyumba kama hiyo, mtu wa makamo, kofia ya chandarua kichwani, yuko juu ya jukwaa la miti.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Karibu, panda tu, linabeba."

Nikapanda. Akanionyesha mfereji wenyewe, mpana kama viganja viwili, na jani la mwembe lililokwisha kufika kabla ya mvua.

"Hili moja tu," akasema. "Yakiwa ishirini, bomba limeziba, maji yanarudi kwenye dari. Jipsamu inalowa, inashuka yote sebuleni. Halafu utasikia fundi fulani ni mwizi."

"Huwaambii?"

"Nawaambia. Wanakuja na ramani kwenye simu. Unamwambia baba, mvua ya ziwani haina adabu, tutoe paa nje. Anakwambia fundi, hiyo ni nyumba ya zamani."

Simlaumu mteja. Kijana aliyekulia chini ya bati lililotoboka, akapata pesa kwenye machimbo ya Geita au kwenye samaki, anataka nyumba isiyofanana na ile. Tamaa hiyo ndiyo iliyojenga pia Gdynia. Lakini natamani angesimama Busisi kwa nusu saa, alitazame daraja, aone kwamba kitu cha kisasa kuliko vyote katika wilaya yake kimeweka kebo zake hadharani.

Kumbe fundi alikuwa na jambo lake la kusema kuhusu daraja. Alifanya kazi kule, kufunga nondo. Aliposikia nimetoka kulitazama akateremka, akanipeleka kwenye nguzo ya baraza iliyokuwa bado haijamwagiwa zege. Nondo nne zilikuwa wima, na ringi zimezizunguka kwa karibu karibu, kila moja imekazwa kwa waya pembe zote nne, mikia yote ya waya imelazwa ndani ili isije ikatokeza kwenye plasta.

"Zamani tulikuwa tunaweka ringi kila futi," akasema, akipima kwa shubiri. "Kule nimejifunza ringi ndiyo inazuia nondo zisitawanyike zikilemewa. Sasa naweka kila sentimeta 15. Hata nyumba ya chini."

"Na mteja anasemaje?"

Simu yake ikaita kabla hajajibu. Alikuwa mteja mwenyewe, yuko Mwanza, na kwa sauti aliyopiga sikuhitaji kusogea kusikia: nondo zimeishaje wakati ukuta haujafika lenta?

Fundi akaisogeza simu mbali na sikio, akasubiri amalize. "Njoo uone, bosi," akamwambia. "Siku hizi huna kisingizio cha kivuko."